Ukiuza masta umeuza nini? Maswali ya waongozaji wanaojitegemea

Barua za safari hii zimetoka kwa watu wanaotengeneza filamu kwa fedha za mfukoni, bila kampuni nyuma yao. Nusu yake zinauliza kamera ipi inunuliwe. Hizo tumeziweka kando, kwa sababu ni nadra filamu kufa kwa sababu ya kamera. Tumechagua zinazogusa mambo yanayoziua kweli: sauti, saini na siku zisizotosha.

Shikamooni wahariri. Nina shilingi milioni nne nilizoweka akiba kwa miaka miwili, na mswada wa filamu ya saa moja na nusu. Rafiki zangu wako tayari kuigiza bure. Nianze?
*Msomaji, Mwanza*

Marahaba. Anza, ila si na mswada huo. Ukurasa mmoja wa mswada uliopangwa vizuri ni kama dakika moja ya filamu, kwa hiyo una kurasa 90. Kikundi kidogo kinachojua kazi humaliza kurasa nne au tano kwa siku. Hizo ni siku 18 hadi 23 za kushuti. Anayeigiza bure lazima ale, anywe maji na arudishwe kwake usiku. Watu 12 kwa siku 20 ni sahani 240 za mchana, hujagusa chai wala nauli. Kazi za namna hii hukwama siku ya nane au ya tisa, pale mhusika mkuu anapopata kibarua cha mshahara, akarudi baada ya wiki mbili amenyoa nywele. Hapo sini zote ulizokwisha kushuti haziungani tena na zilizobaki.

Andika filamu ya dakika 10: wahusika watatu, sehemu mbili zilizo karibu, mchana mtupu. Inashutiwa siku tatu. Fedha yako igawe hivi: milioni moja na nusu kwa chakula, nauli, vibali na posho ndogo ya kila mtu, laki nane kwa mtu wa sauti na vifaa vyake, laki saba kukodi kamera na lenzi, laki tano kwa uhariri na usawazishaji wa sauti. Inabaki laki tano. Hiyo usiipe jina. Ni ya sini moja ambayo lazima utairudia, na hutaijua ni ipi mpaka ukae mbele ya kompyuta.

Kibali cha Bodi ya Filamu huombwa kabla ya kushuti. Ndivyo inavyotaka Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976. Zanzibar ina chombo chake chenyewe, kwa hiyo kibali cha Bara hakikutoshi ukivuka maji. Droni nayo ina ruhusa yake kutoka mamlaka ya usafiri wa anga.

Kama unaona filamu fupi ni kujishusha, mtazame Amil Shivji. Alitoa Shoeshine mwaka 2013 na Samaki Mchangani mwaka 2014, zote fupi. T-Junction, iliyo ndefu, ikafuata mwaka 2017, na Vuta N'kuvute ikazinduliwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021.

Filamu yangu ya dakika 20 tumeishuti kwa kamera nzuri na picha ni safi, lakini kila anayeiangalia anasema hasikii vizuri. Ni kama watu wanaongea ndani ya pipa. Mhariri ameahidi kuisafisha kwa programu. Ataweza?
*Msomaji, Tanga*

Kwa sehemu tu, na ni bora ulijue hilo mapema kuliko kumlipa mtu mwezi mzima. Mvumo wa feni hupunguzwa na programu kwa sababu haubadiliki, kwa hiyo programu inajua cha kuondoa. Mwangwi si hivyo. Mwangwi ni sauti ile ile ya mwigizaji, imegonga ukuta na sakafu ikarudi kuyaangukia maneno yake mwenyewe. Ukiukata sana, unaharibu na maneno.

Bila shaka maiki ilikuwa juu ya kamera. Mtazamaji husamehe picha yenye giza kidogo. Neno asilolisikia halisamehi, kwa sababu hapo hadithi yenyewe imempita. Kila umbali kati ya mdomo na maiki unapoongezeka mara mbili, sauti inayotoka moja kwa moja mdomoni hushuka kwa desibeli 6, ilhali mwangwi wa chumba unabaki ulivyo. Ukiitoa maiki mita mbili na nusu ukaileta sentimita 50, umepata karibu desibeli 14 bila kununua kitu. Ndiyo sababu ya bumu: fimbo ndefu inayopita juu ya fremu, maiki ikielekezwa chini kwenye koo na kifua cha mwigizaji. Mshika bumu naye ahudhurie mazoezi, ajue nani anaongea lini, la sivyo kila jibu litaanza nje ya maiki.

Kisha chumba. Nyumba zetu nyingi zina sakafu ya saruji au vigae, kuta tupu na bati juu. Simamisha magodoro mawili nje ya fremu, tandika mkeka na blanketi pale ambapo kamera haioni, ning'iniza pazia zito au vitenge kadhaa vilivyokunjwa dirishani. Piga kofi moja katikati ya chumba. Ukisikia mlio unavuta mkia, ongeza blanketi. Mlio ukikatika palepale, chumba kiko tayari.

Nenda lokesheni siku moja kabla, saa ile ile utakayoshuti, ukae dakika 15 na hedifoni masikioni. Utasikia fundi wa kuchomelea wa jirani, kijiwe cha bodaboda, kuku, na adhana ambayo ratiba yako lazima iipishe. Siku ya kazi zima feni na friji. Funguo za gari au za nyumba ziache ndani ya friji hiyo, ndipo hutaondoka bila kuiwasha na kumwozeshea mwenyeji samaki wake. Jenereta ikae mbali, nyuma ya ukuta, kwa waya mrefu. Mvua juu ya bati haina dawa. Sini za maongezi ya ndani usizipange wakati wa masika.

Kwenye kinasa sauti chagua kilohezi 48 na biti 24. Zima mfumo unaopandisha na kushusha sauti wenyewe, maana mtu akinyamaza utavuta kelele ya chumba juu, na akiongea itashuka ghafla, nawe utasikia chumba kinapumua. Kilele cha maongezi kiguse kama desibeli -12 kwenye mita ya kinasa, sifuri kisiguswe kamwe: sauti iliyogonga sifuri imepasuka na haishoneki. Mwanzo wa kila teki piga kibao au makofi mbele ya kamera, mhariri apate pa kuunganishia. Na kabla hamjahama sehemu, kila mtu asimame kimya dakika moja, mnase ukimya wa mahali hapo. Ukimya wa chumba kimoja si ukimya wa kingine. Bila huo, kila pengo kati ya maneno litakuwa shimo, na sikio litatumbukia humo.

Kwa filamu uliyonayo, weka alama kwenye maneno yasiyosikika kabisa. Huenda si yote. Waite waigizaji, warudie mstari mmoja mmoja mbele ya kabati lililojaa nguo, wakisikiliza sauti yao ya zamani kwa sikio moja. Teki tatu kwa kila mstari zinatosha. Nyayo, mlango na vikombe virekodi upya uviweke chini ya maneno hayo, la sivyo wataonekana wanaongea kutoka redioni.

Msambazaji mmoja anataka kununua masta ya filamu yangu kwa malipo ya mara moja. Mkataba ni ukurasa mmoja, na anataka nisaini wiki hii. Fedha ninaihitaji. Nifanyeje?
*Msomaji, Dar es Salaam*

Muulize swali moja kabla ya bei: ananunua nini hasa? Masta ni faili, nakala kuu ya filamu. Thamani iko kwenye haki zinazosafiri na faili hilo, na karatasi ya ukurasa mmoja kwa kawaida huzibeba zote kwa maneno mawili: "haki zote".

Enzi za VCD na DVD pale Kariakoo, biashara ilikwenda hivyo. Mwenye filamu alikabidhi masta, akahesabu fedha, akaondoka. Hakuna aliyewaza kwamba filamu ile ile ingekuja kutazamwa kwenye simu, lakini "haki zote" zilishaichukua na simu ambayo bado haijafika. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inailinda kazi ya picha na sauti kwa miaka 50. Ukisaini karatasi hiyo una miaka 30, unachokiuza kitaisha muda wake ukiwa na 80.

Linganisha vifungu viwili. Cha kwanza: "Mtayarishaji anamuuzia msambazaji haki zote za filamu." Cha pili: "Mwenye filamu anampa msambazaji ruhusa ya kuionyesha filamu hii kwenye televisheni ya kulipia, ndani ya Tanzania Bara na Zanzibar, kwa miaka miwili tangu siku ya kukabidhi. Haki nyingine zote zinabaki kwa mwenye filamu." Cha pili kimetaja njia, eneo na muda, kikafunga mlango. Kwa kifungu hicho bado unaweza kuuza intaneti kwa mwingine, maonyesho ya ndani ya ndege kwa mwingine, na Kenya kwa mwingine. Kama anataka kuwa peke yake, sawa, ila awe peke yake kwenye njia hiyo tu na alipie upekee huo.

Akikupa asilimia badala ya fedha taslimu, soma sehemu ya gharama. Asilimia 50 "baada ya gharama" ni sifuri kama gharama hazina kikomo. Taja kiwango kisichovukwa, taja ripoti ya mauzo kila baada ya miezi sita, na uandike kwamba asipolipa ndani ya siku 60 haki zinarudi kwako bila kesi. Mpe nakala ya kuonyeshea. Faili za uhariri na sauti zilizotenganishwa zibaki kwako, maana bila maongezi kutengwa na muziki huwezi kuitia filamu lugha nyingine kesho.

Sasa jigeuzie swali: je, unachotaka kukiuza ni chako? Mnunuzi makini ataomba karatasi ya mwandishi, ya kila mwigizaji, ya mtunzi wa muziki, ya mzazi kama kuna mtoto, na ya mwenye nyumba. Kama hadithi imetoka kitabuni, ruhusa ya mwenye kitabu huja kabla ya neno la kwanza la mswada. Vuta N'kuvute imetokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi; filamu iliyosimama juu ya riwaya bila ruhusa ya maandishi haiuziki hata ikiwa nzuri namna gani. Waigizaji wasaini kabla ya siku ya kwanza, hata kama ni ndugu zako na hata kama malipo ni nauli. Saini inayodaiwa baada ya filamu kujulikana huja na bei.

Kuhusu "wiki hii": mwombe siku saba, uende kwa wakili ukiwa na karatasi yako na kifungu cha pili hapo juu. Mnunuzi wa kweli hakimbii kwa siku saba.

Nimesikia kipande cha wimbo kisichozidi sekunde 30 kinaweza kutumika bure kwenye filamu. Ni kweli?
*Msomaji, Mombasa*

Si kweli, wala sekunde tano. Wimbo una haki mbili: ya utunzi, yaani maneno na tuni, na ya rekodi yenyewe. Unahitaji ruhusa ya pande zote mbili, kwa maandishi, ikitaja filamu yako, matumizi na muda. Leseni ya kupiga muziki ukumbini si ruhusa ya kuushona kwenye filamu. Njia nyepesi zaidi ni kukaa na kijana wa udi, ganuni au gitaa mtaani kwako, akutungie kipya, mwandikiane siku hiyo hiyo. Angalia pia muziki unaoingia kwa bahati mbaya: redio ya duka nyuma ya sini ya maongezi ni wimbo wa mtu, tena hautoki. Mwombe mwenye duka aizime.

Hamjambo wahariri. Filamu yetu fupi ya dakika 22 tuliiweka YouTube mwezi jana. Sasa tunataka kuipeleka matamasha. Tumechelewa?
*Wasomaji, Nairobi*

Hatujambo. Kwa baadhi ndiyo, kwa mengi bado. Iondoeni hadharani leo, muifanye ya faragha, na mkiulizwa kwenye fomu kama iliwahi kuonekana mseme ukweli. Matamasha makubwa hupenda kuwa ya kwanza. Mengine mengi hayajali kwa filamu fupi. Urefu nao huamua: mashindano ya filamu fupi ya Cannes yanaishia dakika 15 pamoja na majina ya mwisho, kwa hiyo huko msiipeleke. Ya Berlin yanaishia dakika 30, mnaingia. Karibu nasi kuna tamasha la nchi za jahazi la Zanzibar, lililoanza mwaka 1998, na la Durban, lililoanza mwaka 1979. FESPACO, tamasha la Ouagadougou, ni kila baada ya miaka miwili, miaka isiyogawanyika kwa mbili, hivyo pigeni hesabu ya kalenda. Tamasha msilolijua, linalowaandikia lenyewe kuwapongeza kisha likaomba ada ya kikombe, liacheni.

Mkichaguliwa, kazi ngumu ndipo inapoanza. Ukumbi utaomba DCP, yaani furushi la filamu kwa mashine za sinema. Programu ya DCP-o-matic huitengeneza bure. Tatizo linalowapata wengi wa kwetu ni idadi ya fremu. Umeme wetu ni hezi 50, kwa hiyo ni sahihi kushuti fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) ya 1/50 ya sekunde, taa zisimetemete. Lakini kawaida ya sinema ni 24. Filamu ya dakika 22 ikipunguzwa kutoka 25 hadi 24 inakuwa karibu dakika 23, na sauti lazima ivutwe kwa kiasi hicho hicho kisha kimo chake kirekebishwe, la sivyo kila mtu atakuwa na sauti nzito kidogo. Picha ikivutwa na sauti ikasahauliwa, midomo na maneno vitaanza kuachana tangu dakika ya kwanza, na mwisho wa filamu vitakuwa vimepishana kwa sekunde 55. Waulizeni kwanza kama wanapokea DCP ya fremu 25. Kumbi nyingi za sasa zinaweza. Kisha itazameni yote, mwanzo hadi mwisho, si dakika mbili za kwanza.

Tunatengeneza filamu ya Kiswahili hapa Minneapolis, na maandishi ya Kiingereza chini. Rafiki yetu anakijua vizuri Kiingereza na atatafsiri. Kuna la kuangalia?
*Msomaji, Minneapolis*

Mko mahali penye historia: Josiah Kibira alitengeneza Bongoland huko huko Minnesota, ikatoka mwaka 2003. Kuhusu maandishi, kila mara yasizidi mistari miwili, na mstari usizidi herufi 42. Chini ya sekunde moja hayasomeki; yakizidi saba mtazamaji anayasoma mara ya pili na uso wa mwigizaji unampita. Yaondoeni kabla ya picha kukatika kwenda sini nyingine.

Rafiki yenu asitafsiri akiwa na mswada peke yake, atafsiri akiitazama picha. "Pole" kwa aliyefiwa, kwa aliyejikwaa na kwa aliyebeba ndoo ni maneno matatu tofauti ya Kiingereza. Na kama sini nzima imesimama juu ya mzee kutoitikia "shikamoo", ukiiandika kama salamu ya kawaida mgeni hataelewa kwa nini kijana anatoka nje akilia. Liacheni neno lenyewe, na sini iliyotangulia ionyeshe linavyoitikiwa.

Tumepoteza kadi moja yenye sini mbili. Wengine wanajilindaje?
*Msomaji, Kigoma*

Nakala tatu, kwenye diski za aina mbili tofauti, moja ilale nyumba nyingine. Kadi haifutwi mpaka nakala zifunguliwe na kuchezwa. Hesabu ni ndogo: kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde hula kama gigabaiti 45 kwa saa. Dakika 20 za filamu, ukishuti mara nane ya urefu huo, ni gigabaiti 120. Diski ya terabaiti moja inabeba kazi yote na nafasi inabaki. Mpe mtu mmoja kazi hiyo tu, na kadi iliyojaa aifunge utepe mwekundu.

Nina miaka 34, mke na watoto wawili. Nimeongoza filamu fupi tatu, mbili zimeonyeshwa nje ya nchi. Nyumbani wanauliza nitapata lini kazi. Mwongozaji anayejitegemea anaishi kwa nini hasa?
*Msomaji, Arusha*

Hongera kwa hizo tatu, na swali la nyumbani ni la haki. Wengi hawaishi kwa filamu zao wenyewe. Wanaishi kwa matangazo, video za mashirika, tamthilia za televisheni, kuhariri kazi za wengine, kufundisha, na harusi. Hakuna aibu hapo. Harusi inakufundisha kufanya uamuzi kwa tukio lisilorudiwa.

Wanaodumu hufanya mambo machache bila kuyumba. Kazi ya mteja haianzi kabla nusu ya malipo haijaingia, na faili la mwisho halitoki kabla ya nusu ya pili. Fedha ya filamu na fedha ya nyumba hukaa akaunti mbili, na ada ya shule haikopeshwi filamu. Kutoka kila kazi ya mteja, sehemu moja ya kumi huingia akaunti ya filamu siku hiyo hiyo. Miezi ya mahafali na harusi unaijua. Mwezi mmoja uliopoa ufunge kwa kuandika, na mkeo aujue tangu mapema.

Kwa filamu ndefu, tafuta fedha kwa hatua. Mfuko wa Hubert Bals wa tamasha la Rotterdam uko tangu mwaka 1988, na Berlin ina World Cinema Fund tangu mwaka 2004. Maombi yao hutaka mswada au muhtasari, maelezo ya mwongozaji, bajeti na kazi zako za awali. Zile mbili zilizoonyeshwa nje ndizo zitakazosomwa kwanza. Kwenye bajeti hiyo andika ujira wako. Waongozaji wengi huacha mstari huo wazi wakidhani watapendwa kwa kujinyima. Msomaji wa bajeti akiona mwongozaji hana ujira kwa miezi kumi ya kazi, anajua mtu huyo ataiacha filamu katikati akatafute kula.

Na kama fedha yote haijapatikana, ujira uandikwe vilevile: kiasi gani sasa, kiasi gani kutoka mauzo ya kwanza, kabla ya msambazaji kutoa gharama zake. Karatasi hiyo isainiwe na mtayarishaji, nakala moja ikae nyumbani, mahali mkeo anapopajua.